Figa la Tatu

Mwaka ule miaka ilikuwa imechoka kufuatana. Kiangazi kilikuja mara mbili, masika hayakuja kabisa, na wazee wa chini ya mlima walipoulizwa umri wao walijibu kwamba inategemea mtu anawatazama akiwa amesimama wapi. Mlima tu ndio uliobaki mahali pake. Haukuwa na jina, maana wenyeji hawakuona sababu ya kukiita kitu kisichoweza kuja, na wageni waliokuja na majina yao waliondoka nayo. Kila mwaka barafu ya kichwani mwake ilipungua kidogo, kama kipande cha sabuni, na vyote ilivyovimeza zamani vilianza kutafuta njia ya kutoka.

Aikande alilijua hilo kuliko wengi, kwani kazi yake ilikuwa kuongoza wageni kwenda kuitazama barafu na kuwarudisha kabla jua halijazama. Asubuhi hiyo, kabla ya kwenda kwenye lango la mlima, alipita jikoni kwa mama yake. Chungu kilikuwa kimeinama kama kawaida yake. Jiko lile lilikuwa na mafiga mawili, na mahali pa la tatu palikaa debe lililojazwa udongo. Debe lilikuwa fupi. Kwa miaka ishirini na miwili kila kilichopikwa humo kiliungua upande mmoja na kubaki kibichi upande wa pili, na Aikande alikuzwa kwa ugali wa namna hiyo mpaka akasahau kwamba chakula huiva sawasawa.

"Ni yeye?" mama aliuliza bila kugeuka.

"Ni yeye, mama."

"Atakutambua?"

"Hajui hata kama nilizaliwa."

Mama aliinua mkono akagusa kibuyu kilichoning'inia juu ya moshi, cheusi kwa masizi, akakitikisa. Ndani yake mlilia maharage makavu. Aliyachambua siku ile mumewe alipopanda mlima mara ya mwisho, akakusudia kuyapika atakaporudi, na tangu siku hiyo kibuyu hakikufunguliwa.

"Nenda," alisema. "Usimsukume. Baba yako hakuwahi kusukuma mtu."

"Sitamsukuma," Aikande alijibu, na hakuwa akidanganya. Alikuwa ameshalifikiria vizuri. Hapakuwa na haja ya kusukuma.

Desturi za watu wale zilikuwa chache, ila zilikuwa na meno. Juu ya barafu, mgeni hukanyaga palepale alipokanyaga mwongoza njia, wala si kando, kwa sababu barafu ina nyufa ndefu zilizofunikwa kwa theluji laini, na theluji haimwambii mtu kilicho chini yake. Mwongoza njia naye hatengani na fimbo yake. Huikata mkato mmoja kwa kila msafara aliourudisha salama. Fimbo ikionekana bila mwenyewe, basi mwenyewe ama amekufa ama amekimbia. Akiwa amekufa, mgeni aliyerudi hai huingia jikoni kwa mjane, huketi chini penye majivu, na haondoki mpaka chungu kilichoinjikwa siku hiyo kiive, naye ale humo. Lakini akiwa amekimbia, nyumba yake hunyang'anywa figa moja, likapandishwa mlimani na kutupwa ng'ambo ya ufa mkubwa, kwenye lundo la mawe ya aibu, na ni mwiko nyumba hiyo kutafuta jiwe jingine. Figa moja haliinjiki chungu, walisema wahenga. Hawakusema kitu juu ya mawili, labda kwa sababu waliona haya.

Sasa, miaka ishirini na miwili kabla ya asubuhi hiyo, mgeni mmoja alishuka peke yake akiwa na fimbo ya Ngilisho, baba yake Aikande. Alikuwa kijana mwenye sauti nzuri. Wazee wakamuuliza: amekufa au amekimbia? Kijana alikuwa na mkutano mjini siku ya pili yake, na hakuwa na nafasi ya kukaa majivuni akingojea chungu cha mtu. Akajibu, "Amekimbia. Fimbo nimeiokota kwenye theluji."

Fimbo ya aliyekimbia ni ya aliyeiokota, kwa hiyo akaondoka nayo. Aliivisha kofia ya fedha. Aliapa akiwa ameishika, alikemea watu nayo, akafungua nayo madaraja na magereza, na wananchi wakaamini kwamba ile mikato arobaini na moja ubavuni mwake ni vita alivyoshinda. Akatawala. Alitawala kwa muda ambao hakuna aliyeweza kuupima, maana ilikuwa ni katika miaka ile ile iliyochoka. Alipotoka madarakani, jina lake lilikuwa limeshapotea kwa kukosa kutumiwa. Watu wote walimwita Mheshimiwa, hata mkewe.

Huyu ndiye aliyesimama langoni alfajiri hiyo, mzee mnene mwenye koti la gharama, fimbo mkononi. Nyuma yake alikuwepo Mpambe, mtu wa makamo ambaye kazi yake maishani ilikuwa kumbebea Mheshimiwa kiti cha kukunja.

"Ndiye wewe?" Mheshimiwa aliuliza. "Niliomba mtu asiye na maneno mengi."

"Ndiyo maana wamenileta mimi, Mheshimiwa."

"Na barafu bado ipo?"

"Ipo. Ila kila mwaka inarudi nyuma."

Mheshimiwa alizungusha fimbo kiganjani. "Inaporudi nyuma huwa inaacha nini?"

"Vya watu," Aikande alisema, akatangulia.

*

Nani hutangulia kweli, anayeweka unyayo au anayeukanyaga? Aikande aliligeuza swali hilo kichwani kila alipopanda, na kila mara jibu lilikuwa jingine. Anayetangulia ndiye anayeijua njia, lakini anatangulia kwa sababu ametumwa. Anayefuata haijui njia, lakini ndiye mwenye safari. Huko bondeni watu wamekubaliana kumwita mkubwa yule anayekaa mbele, na hawaulizi ni nani aliyepita alfajiri akiondoa miiba. Mtu anaweza kutawala maisha yake yote juu ya nyayo za wengine na akafa akidhani ana miguu. Mlima hauna subira na mawazo hayo. Mlimani, ukubwa wote wa mtu hushuka ukaingia katika wayo mmoja, na swali linakuwa dogo kabisa: hapa pananibeba au hapanibebi?

Walipita msitu wenye miti ya ndevu, ambako umande ulidondoka ingawa mvua haikunyesha. Wakatokea kwenye uwanda wa majani makavu, ambako miti minene ilisimama mmoja mmoja, kila mti na kichwa kama kabichi, mithili ya watu walioitwa kwenye baraza wakasahauliwa hapo. Hewa ikaanza kuwa haba. Mheshimiwa alikuwa mashuhuri kwa hotuba ndefu; watoto walizaliwa na kubatizwa akiwa bado kwenye salamu. Sasa hewa ilimgawia maneno mawili mawili.

"Polepole. Binti."

"Polepole, Mheshimiwa," Aikande aliitikia kwa upole wote wa kazi yake. Alimpa maji. Alimshika kiwiko penye utelezi. Alimwonya kuhusu jiwe linalocheza. Hakuwahi kumtunza mgeni vizuri kama alivyomtunza yule, maana hakutaka adhurike mahali pasipo pake.

Walifika ziwa la kwanza jua likiwa limepanda. Lilikuwa ziwa dogo la kijani katikati ya mawe, na maji yake yalikuwa na tabia moja: sura ya mtu ilichelewa kufika. Ukiinama huoni kitu ila mawingu. Unakaa, unakunywa kikombe cha chai, ndipo sura yako inapotokea chini ikipanda polepole, kama mtu aliyeachwa nyuma njiani. Wageni hulipenda jambo hilo na kucheka sana.

Mpambe alikunjua kiti, Mheshimiwa akakaa. Sura ya Aikande ndiyo iliyofika kwanza, kavu, mdomo umebanwa. Kisha ikaja ya Mheshimiwa, ikihema. Wakamngoja Mpambe. Alikunywa kikombe cha pili, akanywa cha tatu, akainama mpaka pua ikagusa maji, na kilichomjia kutoka chini kilikuwa ni uso wa Mheshimiwa kwa mara ya pili.

"Mheshimiwa," alisema, akijipapasa mashavu, "mbona mimi simo?"

"Umo. Mimi nakuona."

"Maji hayanioni."

Halafu akakiacha kiti, kitu ambacho hakuwahi kukifanya tangu aajiriwe, akashuka mlima mikono mitupu bila kuaga. Habari zake hazina nafasi tena hapa, ingawa inasemekana sura yake ilimkuta baadaye sokoni akiuza nyanya, na walipoonana wote wawili walilia.

"Twende," Mheshimiwa alisema. Sauti yake ilikuwa imepungua.

*

Ziwa la pili lilikuwa juu zaidi, chini kabisa ya ulimi wa barafu, la buluu ya kuumiza macho. Waongoza njia walipopita hapo waliugeuzia uso ukuta wa mwamba. Huko nako sura zilichelewa, lakini hazikuchelewa kwa kikombe cha chai. Zilichelewa kwa miaka.

Aikande alikuwa amepita kando ya ziwa hilo mara mia na zaidi, na mara zote alitazama mwamba. Alijiambia ni desturi. Ukweli ni kwamba aliogopa. Tangu akiwa na miaka tisa alisema mbele ya watu kwamba baba yake hakukimbia. Alipigana shuleni kwa neno hilo, akavunjwa jino, akakataa kuolewa na mtu aliyesema yaliyopita si ndwele. Lakini ndani kabisa, mahali asipopaonyesha hata mama yake, palikaa swali dogo lenye ubaridi: na kama alikimbia kweli? Hasira yake yote ilijengwa juu ya kitu alichokuwa hajakiona. Leo alikuwa amekuja na mtu wa kufa, na hakutaka kuua kwa kubahatisha.

Akageuka, akatazama maji. Mheshimiwa, aliyezoea kutazama kila kilichotazamwa na wengine asije akapitwa, naye akatazama.

Maji yalionyesha barafu iliyokuwa juu yao, ila nene zaidi, barafu ya zamani. Watu wawili walitembea juu yake. Aliyetangulia alikuwa kijana mwenye fulana nyekundu, mgeni, na nyuma yake Ngilisho alikuwa akimwita kwa mikono yote miwili arudi nyuma. Kijana hakurudi. Alikuwa mtu wa mbele tangu ujana. Theluji ikafunguka chini yake, akatoweka mpaka kifuani. Ngilisho akalala kifudifudi, akamnyooshea fimbo, akavuta. Kijana akatoka. Alitoka kwa kupanda juu ya mgongo wa Ngilisho, akaukanyaga kwa buti zote mbili, na uzito wa wawili ukavunja ukingo. Sasa ni Ngilisho aliyening'inia ndani ya ufa, ameshika ncha ya chini ya fimbo, na kijana amelala juu, mkanda wa fimbo umemnasa kifundoni mwa mkono, akiburutwa kidogo kidogo kuelekea shimoni.

Aikande aliinama karibu na maji. Aliona baba yake akitazama juu. Aliona akiupima mkanda ule, na ukingo, na kijana. Kisha akafungua mkono. Hakuteleza. Aliufungua, kidole kwa kidole, kama mtu anayemwachia ndege.

Kijana alilala pale kwa muda. Halafu akasimama, akachungulia shimoni mara moja, akaifuta fimbo theluji kwa kiwiko, akashuka.

Jambo la kwanza Aikande alilohisi lilikuwa ahueni. Hakukimbia. Hakukimbia, jamani. Jambo la pili lilikuwa hasira, kubwa kuliko ile aliyopanda nayo, na safari hii ilikuwa na watu wawili ndani yake. Ulimfungulia mkono mgeni, baba. Na mimi nyumbani nilikuwa nimekushika kwa kitu gani?

Mheshimiwa alikuwa amekaa chini juu ya mawe, bila kiti. Maneno yalimtoka vipande vipande, na haikujulikana anaongea na nani.

"Sikumsukuma. Maji yameona. Sikumsukuma. Nilikuwa na mkutano. Kesho yake. Ningesema amekufa, wangenikalisha. Chini. Kwenye moshi. Mpaka kiive. Chungu cha nani kinangojwa siku nzima? Ulikuwa uongo mdogo. Wa siku moja. Nilisema nitarudi. Niurekebishe. Ukakua. Ukavaa fedha. Ukapigiwa mizinga. Ningeuvua vipi? Mbele ya watu wote wale? Na sasa ananigongea. Chini ya sakafu. Nikilala, anagonga. Nikihama nyumba, anahama." Akanyoosha kidole kwenye barafu. "Nimesikia barafu inayeyuka. Nikataka kujua kama ametoka. Kabla ya wengine." Ndipo akakumbuka kwamba hayuko peke yake. "Ulimjua, binti?"

"Ni baba yangu."

Mheshimiwa alimtazama kwa mara ya kwanza siku hiyo.

"Unataka kuona alipolala?" Aikande aliuliza.

"Ndiyo."

"Basi fuata nyayo zangu. Kanyaga ninapokanyaga."

*

Ufa uliommeza Ngilisho ulikuwa palepale, kilomita moja ya giza iliyolazwa chali. Juu yake, mahali pamoja, theluji ilikuwa imejifanyia daraja, upana wa mkeka. Aikande alikuwa amelipima daraja hilo kwa wiki tatu, akiupitisha uzito wake asubuhi baada ya asubuhi. Lilimbeba yeye. Lilimbeba yeye na mzigo mdogo. Lakini mtu mnene, mwenye koti la gharama na miaka mingi ya karamu mwilini, lisingembeba hata hatua tatu. Na hakuna ambaye angeuliza. Mgeni alikanyaga alipokanyaga mwongoza njia, desturi imefuatwa, barafu ni barafu. Usiku mwingi alikuwa amelalia wazo hilo kama mtu analalia mto laini.

Akavuka. Nyayo zake zilibaki nyuma yake, kumi na nne, wazi na safi, zikialika. Alipofika ng'ambo akageuka.

Mheshimiwa alikuwa ameshafika ukingoni. Alikuwa akizitazama nyayo zile kwa imani ya mtoto. Hakuna mahali pengine duniani ambapo Aikande aliwahi kuona imani kubwa kiasi hicho, nayo ilimchukiza. Mguu wa mzee ukainuka, ukakaa hewani juu ya unyayo wa kwanza.

Hatua moja, Aikande alijiambia. Acha tu. Kunyamaza si kosa. Yeye mwenyewe amenyamaza miaka ishirini na miwili na akapigiwa mizinga.

Lakini vidole vya baba yake vilikuwa bado vinafunguka mbele ya macho yake, kimoja kimoja. Vilimfungulia mtu huyu huyu. Akianguka leo, basi mkono ule ulifunguka bure, na Ngilisho atakuwa mwongoza njia aliyempoteza mgeni wake, kuchelewa tu ndiko kutakakokuwa tofauti. Hilo lilikuwa wazo moja, na lilikuwa zuri, na pengine lisingetosha. Wazo la pili ndilo lililomfungua mdomo, nalo halikuwa na huruma hata chembe. Maiti haiketi jikoni.

"Simama hapo hapo," alisema.

Mguu ukarudi nyuma.

Aikande aliliendea lundo la aibu. Mawe mengi yalikuwa hapo, ya nyumba nyingi, na alijiuliza ni wangapi miongoni mwao walikimbia kweli. La kwao alilijua kwa pembe iliyomeguka; mwenyewe aliliangushia mchi akiwa na miaka sita, akachapwa. Theluji ya miaka ishirini na miwili haikuweza kuliosha masizi. Alipolikumbatia alikuta bado lina joto, joto la ugali wa jioni ya mwisho nyumbani kwao, na hapo ndipo alipolia, kwa muda mfupi, akiwa amempa kisogo mtu yule.

Akarudi nalo kifuani. Daraja lilimlalamikia kutoka hatua ya kwanza. Alitembea juu ya nyayo zake mwenyewe, kumi na tatu, kumi na mbili, akihesabu kwa kurudi nyuma, na alipotua wayo wa mwisho upande wa Mheshimiwa, daraja lote likashuka shimoni bila haraka, pamoja na nyayo. Baada ya muda mrefu ndipo sauti ikaja kutoka chini.

Mheshimiwa alitazama pale ambapo palikuwa na njia.

"Ulijua," alisema.

"Nilijua."

"Na ulinambia nikanyage."

"Kisha nikakwambia usimame. Nipe fimbo."

Akampa. Aikande aliing'oa kofia ya fedha akaitupa ufani, akatoa kisu, akatafuta mahali palipobaki chini ya mkato wa arobaini na moja. Mti ulikuwa mkavu na kisu kiliteleza mara mbili. Alipomaliza, alipuliza unga wa mti. Mkato wa arobaini na mbili ulikuwa mweupe kati ya wenzake weusi.

"Huu ni wewe," alisema. "Ngilisho alikutoa salama. Kazi yake imeisha leo. Hii inayofuata ni yangu." Akaliinua figa. "Beba."

"Mimi nina mgongo, binti."

"Hata yeye alikuwa na mgongo. Uliukanyaga."

"Nitatuma watu. Vijana kumi watakuja kulichukua. Nitajenga hapa—"

"Mheshimiwa," Aikande alimkatiza, na hakupandisha sauti, "ukungu unakuja. Ninashuka sasa. Nyayo ninazoweka ni za mtu aliyebeba jiwe. Asiyebeba, azitafute zake."

Akageuka, akaanza kushuka. Alihesabu hatua saba. Ya nane alisikia nyuma yake mzee akigumia, kisha vishindo vizito vya mtu anayekanyaga kwa uangalifu mkubwa.

*

Njia ya mwongo ni fupi, watu husema. Hii ilikuwa na urefu wa mchana mzima. Jiwe lilibebwa kwanza kifuani, likahamia begani, mwisho likakaa kichwani, na masizi yakachanganyika na jasho yakamshukia Mheshimiwa usoni mistari mistari. Alianguka mara mbili. Aikande alimngoja, hakumsaidia, hakumtukana. Penye utelezi alimwonya, maana ndiyo kazi.

Walipopita ziwa la kijani, sura ya asubuhi ilikuwa ndiyo kwanza inaondoka majini: bwana mmoja mnene, safi, kakaa kitini na fimbo ya fedha. Mheshimiwa aliinama kidogo chini ya jiwe lake akamtazama.

"Yule ni nani?" aliuliza.

"Mgeni," Aikande alisema.

Jua lilikuwa linaelekea kuzama walipoingia kijijini. Kwa desturi ya watu wale, anayeshuka na figa kutoka kwenye lundo haulizwi neno. Kichwa chake kimeshasema kwamba nyumba fulani ilionewa, na kwamba yeye ndiye shahidi. Watu wakatoka majumbani. Waliitambua sura ile iliyokuwa kwenye kuta zote za ofisi, wakalitambua na jiwe. Wazee waliolibeba kulipandisha walikuwa bado hai wawili, wakavua kofia zao na kuzikunja mikononi. Hakuna aliyezomea. Mheshimiwa angetoa nusu ya umri wake mtu mmoja azomee, ili apate cha kujibu.

Mama yake Aikande alikuwa mlangoni pa jiko. Alilitazama figa, si mtu.

"Liweke mahali pake."

Aliinama akaingia, mzee yule, akapiga magoti, akalitoa debe, akalisogeza jiwe. Lilikaa. Mama aliteleka chungu juu ya mafiga matatu, akamimina maji, na maji yakatulia sawasawa pande zote. Aliyatazama kwa muda. Kisha akamtazama bintiye, na Aikande akamwinulia fimbo, akamwonyesha mkato mweupe. Mama aliupitisha kidole mara moja tu.

"Alikufa lini?" aliuliza.

"Siku ile ile, mama. Alifungua mkono."

Mama aliitikia kwa kichwa, kama mtu aliyeambiwa saa.

"Mama," Mheshimiwa alianza, na sauti yake nzuri ya zamani ikamrudia ghafla, kwani hewa ya huku ilimtosha, "mbele yako na mbele ya wananchi hawa, ningependa kuchukua nafasi hii—"

"Sikukuuliza," mama alisema. "Kaa."

Akaketi. Chini, majivuni, koti na yote. Watu wakajaa mlangoni.

"Nakaa mpaka lini, mama?"

"Desturi huijui? Mpaka kiive. Ule, uende zako."

Mheshimiwa akashusha pumzi. Ilikuwa pumzi ya mtu aliyeona mwisho wa adhabu yake, na mwisho wenyewe ni chungu kimoja cha chakula. Akanyoosha miguu kidogo. Hata akajaribu kutabasamu.

Ndipo mama alipoinua mkono juu ya moshi, akakitungua kile kibuyu cheusi, akang'oa kizibo kilichokuwa kimeshikana kwa miaka ishirini na miwili, na kumimina yote. Maharage yaligonga chini ya chungu kama kokoto. Wanawake waliokuwa mlangoni walitazamana. Kila mmoja wao alijua kupika, na kila mmoja alijua kwamba maharage yaliyokaa namna ile hayaivi, hata uyachemshe mpaka mlima wote uishe barafu.

Mwanaume peke yake ndiye ambaye hakujua. Alichungulia chungu, akauliza kwa adabu kama itachukua muda mrefu.

"Kidogo tu," mama alisema, akasukuma ukuni ndani. Aikande akaketi upande wa pili wa moto, mkabala naye, akailaza fimbo ya baba yake magotini, na akaanza kungoja.